Mauaji Katika Nchi ya Peremende

Dorothy Gale aliua kabla hajatia mguu katika ardhi ya Oz. Nyumba ya mbao aliyokuwemo, iliyong'olewa na kimbunga huko Kansas, ilimshukia Mchawi wa Mashariki ikamfunika, pakabaki kuonekana miguu miwili yenye viatu vya fedha. Wenyeji waliokuwa watumwa wa mchawi huyo walishangilia na kumshukuru mtoto. Akapewa viatu vya marehemu, akavivaa, akashika njia ya matofali ya njano kwenda kuomba arudishwe kwao. Mtawala wa Jiji la Zumaridi akamsikiliza, kisha akamtajia bei: nenda ukamuue na Mchawi wa Magharibi. Njiani mwenzake wa bati akakata vichwa vya mbwa mwitu 40 kwa shoka, na mwenzake wa majani makavu akanyonga kunguru 40. Mchawi mwenyewe akamwagiwa ndoo ya maji, akayeyuka sakafuni. Baada ya yote hayo ndipo mtoto akaambiwa kwamba vile viatu alivyovaa tangu siku ya kwanza vingemfikisha nyumbani siku hiyohiyo, laiti angejua namna ya kuvitumia.

Hiyo ndiyo The Wonderful Wizard of Oz, kitabu cha L. Frank Baum kilichotoka Chicago mwaka 1900. Katika dibaji yake Baum alitangaza kwamba amekusudia kuwapa watoto ngano ya kisasa: maajabu na furaha vibaki, majonzi na majinamizi yatolewe. Naamini alisema hivyo kwa moyo safi. Kwa zaidi ya karne moja watoto wamesomewa kitabu hicho kitandani wakalala salama, kwa sababu Baum anasimulia kwa upole na kwa haraka, na Dorothy ana adabu kiasi kwamba damu haimrukii. Vifo vimo vyote. Kilichotolewa ni uzito wa kifo.

Nimeanza na Oz kwa sababu katuni ninayotaka kuieleza katika sura hii, I Hate Fairyland, husifiwa au hulaumiwa kana kwamba imezuka tu, kama tusi lililotupiwa hadithi tamu za watoto na mtu asiyezipenda. Ukweli ni kinyume kabisa. Imetoka mkononi mwa mtu aliyekaa ndani ya Oz kwa miaka.

Skottie Young ni mchoraji wa Marekani aliyezaliwa mwaka 1978. Mwishoni mwa 2008 kampuni ya Marvel ilianza kutoa Oz ya Baum kwa mfumo wa vibonzo: Eric Shanower akiandika, Young akichora, Jean-Francois Beaulieu akitia rangi. Waliendelea mpaka wakakamilisha vitabu sita vya Baum, na kile cha kwanza kilipata tuzo mbili za Eisner mwaka 2010, moja ikiwa ya kazi bora kwa watoto. Sambamba na hayo Young alijulikana kwa majalada ambamo mashujaa wa Marvel, wale wenye misuli na hasira, aliwageuza kuwa vitoto vyenye vichwa vikubwa na mashavu ya kubonyea. Kama kulikuwa na mtu mmoja katika tasnia ya vibonzo vya Marekani aliyejua kwa undani jinsi kitu kinavyochorwa kikapendeza macho na kulainisha moyo, alikuwa yeye.

Tena kuchora ni kusoma polepole kuliko msomaji yeyote. Baum anaweza kuandika kwamba kichwa cha mbwa mwitu kilianguka, na jicho likapita mstari huo ndani ya sekunde moja. Mchoraji hawezi kupita. Lazima aamue shoka limeinuliwa kiasi gani, kichwa kimeangukia wapi, mizoga 40 itarundikwa upande gani wa ukurasa, na msichana amesimama wapi wakati haya yanatendeka. Sijui namna bora ya kugundua kilichofichwa katika hadithi ya watoto kuliko kulazimika kuichora picha kwa picha. Mtu akishafanya kazi hiyo kwa vitabu sita, swali linakuja lenyewe: mtoto aliyepitia haya yote, akiambiwa kila mara atabasamu na aendelee na safari, angekuwa mtu wa namna gani mwisho wake?

Jibu la Young lilitoka Oktoba 2015 katika kampuni ya Image Comics. Safari hii aliandika na kuchora mwenyewe, na rangi akampa Beaulieu yuleyule wa Oz.

Msichana anaitwa Gertrude. Ana nywele za kijani zilizojikunja na gauni la kitoto. Alipokuwa na umri wa miaka sita hivi, alitamani kwenda katika nchi ya maajabu kama watoto wote wanavyotamani, sakafu ya chumba chake ikafunguka ikammeza. Anguko lake ni refu na linaishia vibaya. Tangu kurasa za mwanzo Young anatuonyesha kwamba katika nchi hii mtoto akianguka huumia. Anapokewa na Malkia Cloudia, mtawala wa Fairyland, anaelezwa sharti: atafute ufunguo wa mlango wa kurudi kwao. Anapewa ramani na mwenyeji wa kumwongoza, nzi mwenye kofia na sigara kubwa anayeitwa Larrigon Wentsworth III, Larry kwa kifupi. Kwa mtoto wa kawaida kazi hii humalizika ndani ya siku moja.

Kisha msomaji anafunua ukurasa, na imepita miaka 27.

Gertrude bado yuko Fairyland na bado anautafuta ufunguo. Akili yake ni ya mwanamke wa zaidi ya miaka 30, mwili wake haujaongezeka hata inchi. Gauni ni lilelile, nywele ni zilezile, ila mkononi sasa ana shoka kubwa kumshinda. Hana subira tena na mafumbo, na nyimbo, na vyura wanaotaka uwajibu kwa vina kabla hawajakuonyesha njia. Anayemzuia anakufa. Mwezi wenyewe, wenye uso na sauti ya kusimulia kisa hiki kwa maneno matamu, unalipuliwa usoni kwa sababu amechoka kusimuliwa. Nyota, uyoga unaosema, majitu na wanyama wa kupendeza wanakatwa, wanapasuliwa, wanaliwa. Kiini cha hadithi ni hicho tu, na mtu akiisimulia hivi inasikika kama ukatili mtupu. Ukiwa na kitabu mkononi mambo ni tofauti, na inafaa kueleza kwa nini.

Mengi yanategemea rangi. Kuna mtindo uliozoeleka wa kuzigeuza ngano kuwa za kutisha: unazima taa. Mchezo wa kompyuta wa American McGee's Alice wa mwaka 2000 ulifanya hivyo kwa nchi ya Alice ya Lewis Carroll, ukaijaza kiza, kutu na visu. Mtindo huo una wapenzi wengi, lakini unamwambia msomaji mapema nini kinakuja, naye anajiandaa. Young na Beaulieu wameziacha taa zote zinawaka. Anga ni la waridi, mito ni ya zambarau, milima ni ya keki, na hata matumbo yanapomwagika yanamwagika yakiwa na rangi za duka la pipi. Hakuna kivuli cha kuonya. Jicho linaendelea kupokea utamu huku akili ikipokea msiba, na katika mvutano huo ndipo kicheko kinapotokea, kicheko ambacho mtu anakistaajabia mwenyewe.

Mwendo wa kurasa nao umepimwa. Young amejifunza mengi kutokana na katuni za zamani za sinema, zile za Looney Tunes za Warner Bros., ambamo mwili unavutika, macho yanatoka nje ya kichwa, na jiwe likimwangukia mhusika anakuwa bapa na baadaye anainuka akiwa mzima. Gertrude anachorwa kwa kanuni hizohizo: anapokasirika taya linashuka mpaka kifuani na meno yanajaa fremu nzima. Isipokuwa wanaoangukiwa na jiwe lake hawainuki. Sheria iliyowalinda wahusika wa katuni kwa miongo mingi imefutwa kwa upande mmoja tu, huku macho makubwa ya kupendeza yakibaki palepale usoni mwa maiti.

Hata hasira yake haimilikiwi naye. Fairyland haina matusi. Kila anapotaka kutukana, neno linalotoka kinywani ni jina la kitu laini au kitamu, la keki na manyoya. Mwanzoni msomaji anacheka. Baada ya matoleo mawili matatu nilianza kuona uchungu wake: mwanamke huyu amenyimwa hata neno la kulalamikia hali yake. Nchi imemwekea utamu mpaka kwenye ulimi.

Hapa ndipo ninapokiona kiini cha kazi hii, nacho hakihusu damu. Kinahusu kukua. Katika ngano za aina ya Oz, kutokukua ni zawadi. Baum mwenyewe, katika The Tin Woodman of Oz ya mwaka 1918, alieleza kwamba tangu nchi ile ilipotiwa uchawi hakuna anayezeeka wala kufa humo: wazee wamebaki wazee, watoto wamebaki watoto, na wachanga wamo katika susu zao milele wakilelewa kwa mapenzi. Alikusudia picha ya furaha. Soma tena sentensi hiyo ukimfikiria mmoja wa wachanga hao, ambaye akili yake inaendelea kuhesabu miaka. J. M. Barrie aliligusa jambo hili mapema zaidi na kwa ujasiri zaidi. Katika kitabu chake cha 1911 kuhusu Peter Pan, kisiwa cha watoto wasiokua kina kanuni, na wavulana wanaoonekana kuanza kukua Peter huwapunguza. Barrie anaandika hivyo kwa maneno machache, bila kufafanua, na kuendelea.

Gertrude ni mtu ambaye amekua mahali ambapo kukua hakutambuliwi. Kila anayekutana naye anainama kumsemesha. Wanambana mashavu, wanampa pipi, wanampangia mafumbo ya watoto wa chekechea. Ana umri wa mama wa watoto, na hakuna kiumbe katika nchi nzima atakayemwamkia shikamoo. Nikimtazama hivi, ghadhabu yake inanieleweka bila ya mimi kuikubali. Watu wengi wameonja kidogo hali hiyo: kuongezwa miaka bila kuongezwa heshima, kuambiwa kila siku kwamba mahali ulipo ni pazuri na hivyo huna haki ya kutaka kuondoka.

Upande wa pili wa shauri unamhusu Malkia Cloudia, na ni upande uliojengwa kwa ustadi. Cloudia anamchukia Gertrude kuliko mtu yeyote, na ana sababu, kwa kuwa raia wake wanateketea. Lakini sheria ya nchi inakataza mgeni asidhuriwe na mtawala maadamu bado yumo safarini kutafuta ufunguo. Sisi tumelelewa na methali inayosema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Fairyland haina jembe la kumpa mgeni. Haikuwahi kuwaza kwamba mtoto anaweza kukaa zaidi ya siku moja, kwa hiyo haina kazi ya kumpa, wala nafasi, wala namna ya kumfanya mwenyeji. Malkia anabaki kukodi wauaji, shujaa wa mapanga na mchawi wa vitabu vya siri, nao wote wanashindwa. Mwishowe anatafuta njia ndani ya sheria yenyewe: anamwita mtoto mwingine.

Mtoto huyo anaitwa Happy, naye ndiye Dorothy halisi. Ana furaha, ana adabu, anapenda nyimbo, na mafumbo yanafunguka mbele yake bila shida. Akiupata ufunguo kabla ya Gertrude, ugeni wa Gertrude utakoma na kinga yake itakwisha. Kwa mbinu hii rahisi Young anawakutanisha wahusika wawili ambao ni mmoja: mtoto aliyefaulu ngano kwa siku moja, na mtoto aliyeshindwa akabaki. Ngano zimejaa walioshindwa, wale kaka wakubwa wawili wanaotumwa kabla ya mdogo na wasirudi. Msimulizi huwa anawaacha njiani, kwa kuwa kazi yao ilikuwa kutuandaa kwa ajili ya mdogo atakayefaulu. Kabla ya I Hate Fairyland sikuwahi kusoma hadithi iliyobaki njiani na yule aliyeshindwa, ikamtazama miaka yote hiyo.

Mwisho wa juzuu la kwanza, lenye matoleo matano, ni mojawapo ya miisho mikali niliyoisoma katika vibonzo. Gertrude anashinda, anamuua Cloudia, na kwa kumuua anakuwa yeye ndiye malkia. Hawezi kuondoka. Nchi anayoichukia kuliko vyote sasa ni yake, na kiti anachokalia kinamfunga kuliko ramani ilivyomfunga. Nayo ni sheria ya kale ya ngano, kwamba anayemuua mtawala huchukua taji, ila imefuatwa mpaka mwisho wake bila kuoneana haya.

Larry nusura nimpite, na ingekuwa dhuluma. Nzi huyu aliajiriwa kwa kazi ya siku moja. Amekaa miaka 27 na mteja asiyesikia ushauri, akibeba mizigo, akiokota vipande vya waliouawa, akivuta sigara moja baada ya nyingine. Hana nguvu ya kumzuia Gertrude wala ruhusa ya kumwacha. Katika kitabu ambamo karibu kila kiumbe kinachorwa ili kichekeshe na kife, Larry ndiye anayechoka kikweli, mabega yake yanashuka toleo baada ya toleo, na Young anampa huruma ambayo hampi mtu mwingine.

Kazi kama hii isingetoka Marvel. Image iliundwa mwaka 1992 na wachoraji waliojitenga na Marvel kwa sababu walitaka kumiliki wahusika waliowabuni, na mpaka leo kanuni yake ni kwamba haki za kazi zinabaki kwa waliobuni. Ingekuwa vigumu zaidi miongo kadhaa nyuma. Mwaka 1954, baada ya daktari wa akili Fredric Wertham kutoa kitabu cha kuwashutumu wachapishaji wa vibonzo na Baraza la Seneti la Marekani kufanya vikao juu ya suala hilo, wachapishaji walijiwekea kanuni za maadili zilizobana damu, vitisho na kejeli kwa wenye mamlaka. Vibonzo vya Marekani vikalazimishwa kuwa vya watoto kwa muda mrefu sana. Mtu mzima aliyefungiwa katika mwili wa mtoto ni maelezo yanayoifaa pia tasnia hiyo nzima, na Young, aliyechora humo tangu ujana wake, bila shaka aliyajua maisha hayo.

Msomaji wa Kiswahili anaweza kuuliza: mbona haya yote yanachukuliwa kuwa uasi? Bibi zetu hawakutusimulia ngano zenye sukari. Ni swali la haki, na jibu lake linatupeleka Unguja. Mwaka 1870 Edward Steere, mmisionari wa Kiingereza, alichapisha London hadithi alizozikusanya kwa wasimulizi wa Zanzibar, Kiswahili upande mmoja na Kiingereza upande wa pili. Mojawapo ni ile ya Sultani Majnuni na paka wake. Paka anaanza kwa kula mifugo, mbuzi, ng'ombe, punda na ngamia, kisha anapanda kwa watu. Kila raia wanapokuja kulalamika, Sultani anawajibu kwamba paka ni wake na watu ni wake. Anapokuja kukiri kwamba mnyama yule si paka tena bali nunda, wanawe watatu wameshaliwa. Mnyama wa kufugwa, anayependwa na mwenye nyumba, ndiye muuaji, na upofu wa mwenye mamlaka ndiyo mzaha wenyewe. Mwaka 1901 Andrew Lang aliiingiza hadithi hiyo, pamoja na ile ya paa na Sultani Darai, katika mojawapo ya vitabu vyake vya rangi vilivyosomwa na watoto wa Uingereza, kitabu cha zambarau. Nunda akaingia chumba cha watoto wa London, amekaa ukurasa mmoja na wana wa wafalme wa Ulaya, wala hakuwa mkatili kuliko wao.

Maana Ulaya nako utamu ni wa juzi. Katika toleo la kwanza la ngano za ndugu Grimm, la mwaka 1812, anayetaka Snow White auawe ni mama yake mzazi. Toleo la 1819 ndilo lililomgeuza kuwa mama wa kambo, ili wazazi wasomaji wasishtuke. Malkia huyo anaishia kucheza ndani ya viatu vya chuma vilivyopashwa moto mpaka afe. Walt Disney alipotengeneza filamu yake ya mwaka 1937, viatu vile viliondolewa, vijeba wakapewa majina na tabia za kuchekesha, na ndege wakafundishwa kufanya kazi za nyumbani. Ndiyo sura ya ngano iliyosambaa duniani kwa sinema, kwa midoli na kwa mabegi ya shule, Dar es Salaam na Mombasa zikiwemo. Fairyland anayoichukia Gertrude ni hiyo ya baada ya 1937. Shoka lake linakata tabaka la juu, na chini yake tunakutana na kitu ambacho wasimulizi wa zamani wa Unguja wangekitambua mara moja.

Yupo mshindani mmoja wa I Hate Fairyland ambaye kwangu mimi amekwenda mbali zaidi. Mwaka 2009 ilitoka Jolies ténèbres, iliyoandikwa na Fabien Vehlmann pamoja na Marie Pommepuy, na kuchorwa na Kerascoët, jina la kazi la Pommepuy na mwenzake Sébastien Cosset. Inaanza na binti mdogo wa kupendeza, Aurore, akinywa chai na mwana wa mfalme. Ghafla dari linaanza kudondosha mabonge mekundu. Viumbe wote wadogo wanakimbia, wanapenya njia nyembamba, wanatokeza nje kwenye mvua, na tunaona walikotoka: maiti ya msichana wa shule iliyolala msituni. Hakuna anayeeleza alivyokufa. Mwili unaoza majira yakibadilika, na wale wadogo wenye mavazi ya ngano wanajaribu kuishi kandokando yake, wakidanganyana, wakiachana, wakifa kwa uzembe na kwa mzaha. Mmoja anajiunga na makinda kiotoni apate kulishwa, na mdomo wa ndege unamuua. Rangi za maji ni laini, majani yamechorwa kwa uangalifu wa kitabu cha mimea.

Young anapiga kelele pale Wafaransa wanaponong'ona, na ukifika mwisho wa kitabu chao hucheki. Naviweka vitabu hivi viwili pamoja kwa sababu kila kimoja kinaonyesha upungufu wa mwenzake. Jolies ténèbres haina Larry, haina mtu wa kuhurumia baada ya Aurore kubadilika, na baridi yake inaweza kumfukuza msomaji. I Hate Fairyland ina joto, lakini imejichosha. Kufika juzuu la pili mpangilio umeshajulikana: Larry anaonya, Gertrude anawaka, kijiji kinateketea, ramani inaelekeza kwingine. Toleo likisomwa mara moja kwa mwezi kasoro hiyo haionekani sana, matoleo yakisomwa mfululizo inachosha. Waliouawa hawana majina, hawana waliowaacha, na kicheko kisichogharimu kitu hupungua thamani haraka. Juzuu la tatu, Good Girl, ambamo Gertrude anajaribu wema baada ya ubaya kumshinda, linafufua kitabu kwa kuwa linauliza swali jipya: kama hata wema haufungui mlango, basi kosa lilikuwa la nani tangu mwanzo? Ningependa Young angekaa na swali hilo kwa muda mrefu zaidi.

Mfululizo wa kwanza ulimalizika mwaka 2018 kwenye toleo la 20. Novemba 2022 hadithi ilirudi, Young akiandika na Brett Bean akichora, na Gertrude amefika alikokuwa akikulilia: yuko katika ulimwengu wetu, mtu mzima mwenye mwili wa mtu mzima. Hajui kufanya kazi, hajui kukaa na watu, hajui kupanga foleni. Miaka aliyotakiwa kujifunza hayo ilimalizikia katika nchi ya peremende. Uamuzi huo wa Young ndio unaonithibitishia kwamba alijua tangu awali anaandika juu ya nini. Mwandishi aliyetaka damu tu angemwacha Gertrude na shoka lake Fairyland milele, na wanunuzi wasingelalamika.

Msomaji mzima anayetaka kuanza, aanze na juzuu la kwanza, Madly Ever After, na kabla hajalifungua arudie sura za kwanza za kitabu cha Baum, akihesabu waliokufa. Mtoto asipewe. Kitabu kimewekewa alama ya watu wazima, na wazazi na wauza vitabu waiheshimu alama hiyo, kwa sababu kwa rangi zile, mtoto wa miaka sita atakichagua kabla ya kingine chochote kilichoko rafuni.